Mzigo Usio na Mwenyewe

Mimi ni wakala wa forodha pale Rusumo, na nimechoka. Nalisema mapema ili msomaji asitarajie uchangamfu kwangu. Mtu akikaa mpakani miaka mingi, maporomoko ya Kagera yakinguruma mchana kutwa nyuma ya foleni ya malori, huishia kuuona ulimwengu wote ni mzigo. Kila kitu kina aliyekituma na anayekipokea, na kikileta hasara njiani yupo wa kuulizwa. Swali langu la kwanza kwa dereva yeyote ni hilo hilo: mwenye mzigo ni nani? Nikiambiwa hajulikani, nazima kompyuta nakwenda kunywa chai.

Ndiyo maana kifo cha kaka yangu Gaspari kilinichosha kuliko misiba mingine yote niliyoizika. Hakikuwa na mwenyewe.

Ilikuwa alasiri ya masika, kule kwetu Mabawe. Mimi sikuwepo, nilikuwa kazini. Ninayoyajua ameniambia Francisca, mke wa marehemu. Anasema mawingu yalikuwa meusi na radi ilikuwa inapiga tangu mchana. Gaspari alikuwa migombani anakata mkungu wa kupika jioni. Ukaja mlio usiofanana na ile mingine, nyumba ikatikisika, sufuria zikaanguka kichanjani. Francisca alipotoka mbio akakuta migomba imelala chini, na mumewe amelala katikati yake. Kilichompata kifuani sitakieleza.

Sasa, kwetu aliyepigwa na inkuba, yaani radi, haliliwi. Hilo wanalijua wadogo kwa wakubwa. Mbingu ikichukua, umeachia. Ukilia unaiita irudi ichukue na waliobaki. Baba mkubwa Ndikuriyo, ambaye kila Jumapili hukaa benchi la mbele kanisani na rozari yake shingoni, ndiye aliyefika wa kwanza, na alimziba Francisca mdomo kwa kiganja.

"Nyamaza, binti yangu. Una watoto ndani."

Francisca akanyamaza. Akaitwa Maduhu, mganga wa radi, Msukuma aliyehamia Biharamulo na ng'ombe wake na ambaye siku hizo alikuwa na kazi Kibimba, jirani na kwetu. Alinyunyiza dawa mvuani, akakataza mtu kusogelea pale udongo ulipochimbika. Gaspari akazikwa palepale alipoangukia, kabla jua halijazama. Hakuna aliyekwenda kumwita daktari. Nani humwita daktari aje aihoji mbingu? Hapakuwa na matanga. Uani hapakuwashwa moto, hakuna jirani aliyekuja na mkeka wake kulala, na kesho yake mjane akaambiwa ashike jembe kama kawaida. Akalishika.

Nilifika kaburi limeshafukiwa. Nilisimama pale na begi langu mkononi. Jamani, mtu analiaje peke yake kwenye mji ambao watu wamekatazwa kulia? Nilirudi Rusumo nikaendelea na malori.

Mvua zilipopungua, Francisca alikwenda kusafisha kaburi, akaona udongo umetitia pembeni na chuma cheusi kinachungulia. Vijana wakachimba. Kilikuwa tangi la mviringo, limeungua upande mmoja, limezungushiwa nyuzi ngumu zilizoshikana, na namba zimechorwa karibu na mdomo wake. Wakaja wataalamu kutoka mbali, wakapiga picha, wakapima, wakanong'onezana. Mwishowe wakatuambia ni kipande cha roketi. Tena roketi ya biashara, ya kampuni inayopandisha setilaiti za watu kwa malipo. Nilipowauliza maana yake, mmoja alinijibu kwamba ni kama malori yenu haya, ila yanaelekea juu. Niliudhika, lakini nilielewa vizuri sana.

Kazi ikawa kukiweka wapi. Ofisi moja ilisema si silaha, haikihusu. Nyingine ilisema si madini. Kikazungushwa kwenye gari mpaka mkubwa mmoja, sikuwahi kumjua ni nani, akapata akili ya ajabu: kitu hiki kimetoka nje ya nchi na hakikupita mpakani, basi kipelekwe forodha. Ndivyo chuma kilichomwua kaka yangu kilivyoletwa ghalani kwetu Rusumo, kikabandikwa karatasi ya mzigo usio na mwenyewe, kikawekwa kati ya matairi yaliyokamatwa na marobota ya vitenge vya magendo. Kila nilipoingia kutafuta shehena za wateja wangu nilipita mbele yake. Nilikichukia, lakini nilikuwa nakifuta vumbi.

Serikali ikamleta wakili wake, mama mmoja mwembamba anayeitwa Tecla, mwenye sauti ya mtu aliyeeleza jambo lile lile kwa watu wengi. Alivua viatu mlangoni, akaketi mkekani karibu na Francisca.

"Mama, kwenye hili sheria za mataifa ziko upande wako," alisema. "Chombo kilichorushwa angani kikianguka kikaua mtu aliyeko chini, nchi iliyokirusha inalipa hata kama hakuna aliyezembea. Kampuni ni ya watu binafsi, sawa, lakini nchi iliyoipa leseni haiwezi kujitoa. Ila wewe huwezi kuwadai wao moja kwa moja. Serikali yetu ndiyo itazungumza na serikali yao, kwa mlango wa ubalozi, na itachukua muda. Na kwanza lazima ijulikane bila shaka chombo ni cha nani."

Francisca alimsikiliza mpaka mwisho. "Wamesema ni chao?"

"Bado."

"Basi kilichomwua ni nini?"

"Sisi tunajua ni chao, mama. Namba zinaonyesha. Wao ndio hawajakiri."

Baba mkubwa Ndikuriyo alikuwa ameegemea mlango, anasikiliza. "Mimi sijasoma," alisema, "lakini chuma kinaweza kushuka na radi. Mbingu ina vyake. Nani alimwona mtu akikitupa? Siku atakayosimama mtu hapa aseme ni changu, nitajua Gaspari ameuawa na watu, na aliyeuawa na watu analiliwa. Kabla ya hapo, hapana. Sitawapoteza na hawa watoto."

Nilimsindikiza Tecla mpaka kwenye gari nikamfafanulia, maana nilimwona kabaki na maswali. Nilimwambia huyu mama haulizi fidia. Anauliza kama ana ruhusa ya kumlilia mumewe. Tecla aliuachia mlango wa gari. Akasema ameisoma sheria hii miaka mingi, na hakuna aliyewahi kumwuliza umiliki kwa sababu hiyo.

Jibu la kampuni lilikuja baada ya mvua kunyesha na kukatika tena. Walisikitika. Walisema angani kuna mabaki ya vyombo vya watu wengi, na namba peke yake si ushahidi wa kutosha. Kisha wakatugonga penyewe: marehemu alizikwa siku ileile bila daktari kumwona, na majirani wote walipohojiwa walisema alipigwa na radi. Tuliwapa wenyewe kisu cha kutuchinjia. Na kwa kuwa wao ni watu wa utu, walisema, wangependa kutoa mkono wa pole kwa familia, bila kukubali kwamba wanahusika.

Francisca aliukataa mkono huo. Kijiji kizima kilimwona mjinga.

"Pole ya nani?" aliniuliza. "Shemeji, mtu asiyekuwepo anatoaje pole?"

Nilikuwa nimemshauri apokee, kwa kuwa watoto wanasoma na nyumba inavuja, na nilimkasirikia. Lakini kila nilipokwenda Mabawe nilimkuta amepungua. Alipalilia, alipika, aliitikia salamu, alikwenda kusali jumuiya. Sauti ndiyo ilikuwa inamwishia. Ilibidi uiname kumsikia, na alikuwa na tabia ya kushika koo lake kama mtu aliyekwamwa na mfupa. Zahanati walimpima hawakuona kitu. Watoto walikuwa wamejifunza kutomtaja baba yao mbele yake, na wewe fikiria nyumba ambayo watoto wamejifunza jambo kama hilo. Tecla alikuwa ananipigia simu mara mojamoja kuniambia bado. Nami nilikuwa nampigia Francisca kumwambia bado. Tulichoka wote watatu, na hakuna aliyekuwa na nguvu ya kumwambia mwenzake tuache.

Halafu mambo yakageuka, si kwa huruma ya mtu. Huko kwao kampuni, tangi jingine la aina ileile lilirudi chini bila kuungua likaangukia mahali penye watu. Wenye mamlaka ya anga wakawafungia leseni ya kurusha mpaka waeleze kwa nini matangi yao hayateketei yakirudi. Ili waeleze, walihitaji kukagua lililokwisha kuanguka na kutunzwa vizuri. La kwangu. Lile nililokuwa nalifuta vumbi.

Walifika Rusumo asubuhi moja wakati foleni ya malori imefika mbali. Alikuwepo mhandisi wa kigeni, kijana mrefu aliyeungua jua puani, na wakili wao kutoka Dar es Salaam, Malongo, mtu wa makamo mwenye tumbo na heshima zake. Bosi wangu alinipa mimi kazi ya kuwatolea mzigo. Sidhani alikumbuka chuma kile kinanihusu vipi, na sikumkumbusha.

Nikawapeleka ghalani. Yule mhandisi alipokiona alisahau kutusalimia. Alikipapasa, akapitisha kidole kwenye maungio, akatikisa kichwa na kucheka kidogo peke yake. Kila mtu anajua mtu anavyokigusa kitu chake kilichopotea.

"Tunataka kitoke leo," Malongo aliniambia tulipokaa mezani kwangu. "Andika vyuma chakavu."

"Mwenye mzigo ni nani?"

"Andika msafirishaji."

"Msafirishaji ni gari. Mimi nauliza mwenye mali."

"Ndugu yangu, andika hajulikani. Tumalize."

"Basi huyo asiyejulikana aje akichukue mwenyewe," nilisema, nikazima kompyuta. "Asiyekuwepo na lake halipo, wakili. Chuma kitabaki hapa mpaka kipigwe mnada, kinunuliwe na watu wa kuyeyusha masufuria."

Alikasirika. Akanitajia wakubwa anaowafahamu, nami nikamwambia awapigie. Akatoka nje na simu yake, akawa anatembea kati ya malori huku jasho linamtoka. Na mimi nilimpigia Tecla. Hata salamu hakuimaliza.

"Danstan, usikitoe," alisema. "Anayetaka kurudishiwa chombo chake ni lazima athibitishe ni chake. Hiyo nayo imo kwenye makubaliano ya mataifa. Wakisema ni chao ili wakipate, hawawezi kukikana kwenye madai yetu. Wanalijua hilo, ndiyo maana wanakuja na vyuma chakavu. Wakishakiri, mengine yote ni hesabu na subira."

Malongo alirudi akiwa amelegea. Alisema wakubwa wake wamekubali, leseni ni muhimu kuliko kesi moja. Watasema mali ni yao. Hawatasema kosa ni lao, akanikazia macho: mali, si kosa. Nilimwambia mimi kosa silitaki, sina pa kuliweka. Ila maneno hayo hawatanipa mimi. Watakwenda kuyasema Mabawe, mbele ya mjane.

"Hilo halimo kwenye sheria yoyote," alisema.

"Najua."

"Unaweza kufukuzwa kazi kwa hili."

"Hilo nalo nalijua. Nimechoka, wakili. Asiyekwenda Mabawe leo hatoki na chuma."

Akaketi. Aliniuliza kwa sauti ya kawaida, si ya wakili, kwa nini. Nikamweleza habari ya inkuba, na kiganja cha baba mkubwa, na koo la Francisca. Nilieleza haraka na kwa hasira, na nilipomaliza nilimwona anaangalia mikono yake.

"Mimi ni mtu wa Maswa," alisema. "Shangazi yangu alipigwa na radi nikiwa mdogo. Hatukumlilia mpaka leo." Akainuka. "Twende. Kibebwe na chuma chenyewe."

Mimi na Malongo tulipanda mbele ya lori dogo lililobeba chuma, tukapita Ngara mjini. Mhandisi alikuwa nyuma yetu kwenye gari lao. Kufika Mabawe tulimkuta Francisca uani anapukuchua maharage, na baba mkubwa Ndikuriyo ameketi kwenye kiti chake kidogo anamwongelesha. Nilimwamkia, shikamoo baba mkubwa, akaitikia marahaba huku macho yakiwa kwenye lori. Alikitambua chuma. Akasimama kwa shida.

"Mnakirudisha hapa cha nini?"

"Mwenyewe amekuja, baba," nilisema.

Malongo alimwamkia mzee kwa adabu, akageuka kwa Francisca. Nilimwona anatafuta maneno yake ya kiofisi na kuyaacha. "Mama, huyu ni mmoja wa waliokitengeneza. Kampuni yao ndiyo iliyokirusha. Wanasema ni mali yao."

"Aseme yeye," alisema Ndikuriyo, aliyekwisha kuitambua lafudhi yake. "Wewe ni Msukuma, si mwenye chuma."

Malongo akazungumza na kijana kwa Kiingereza. Kijana alibadilika rangi. Nadhani mpaka dakika ile kwake tangi lilikuwa ni tangi tu. Hakuna aliyekuwa amemwambia kwamba kuna kaburi, na sasa aliliona, pale migombani, na msalaba wake wa mbao. Akauliza kitu, Malongo akamjibu kwa neno moja, akamfundisha maneno mawili. Kijana akavua kofia. Akaweka kiganja chake juu ya chuma, akamtazama Francisca.

"Ni chetu," alisema. Aliyatamka vibaya, lakini yalisikika.

Francisca alikuwa bado ameshika ganda la maharage. Aliniuliza mimi, kwa ile sauti yake ya kuinamia. "Shemeji. Ni watu?"

"Ni watu."

Akamgeukia mzee. Ndikuriyo alikitazama chuma, akamtazama kijana, akalitazama anga, ambalo siku hiyo lilikuwa jeupe halina hata wingu. Namlaumu kwa mengi, lakini wakati ule nilimwonea huruma, maana naye alikuwa amemzika mtoto wa mdogo wake huku ameuma meno.

"Ameuawa na watu," alisema. "Mlilie mumeo, mwanangu."

Sijui niieleze vipi sauti iliyotoka. Mwanamke aliyekuwa hasikiki mkiwa mmeketi naye mkeka mmoja alipiga yowe lililovuka bonde. Alimwita Gaspari kwa jina, akamwita kwa jina la utani la ujana wetu ambalo sikujua kwamba analijua, akamwuliza kwa nini alikwenda kukata mkungu wakati ndizi za kupika zilikuwepo ndani. Aligaagaa juu ya maharage. Watoto walitoka ndani mbio, na mkubwa alipoelewa mama yake anamlilia nani, naye akafungua mdomo. Ndikuriyo alikaa chini, mavumbini, na rozari yake, akawa anapiga paja lake na kusema Gaspari wee, Gaspari wee.

Majirani walikuja wanakimbia, majembe mikononi, kwa kudhani pamefika maiti mpya. Nilisikia mmoja anauliza nani amefariki, na mwenzake anamjibu, Gaspari. Hakuna aliyecheka. Wanawake walifunga kanga viunoni wakaingia kwenye kilio palepale, na wanaume wakaanza kuulizana kuni ziko wapi. Mtu akaleta mkeka. Malongo alivua koti, akaketi pamoja na wanaume, akainamisha kichwa. Yeye naye alikuwa na wake wa kumlilia. Yule kijana alibaki amesimama kando ya lori na kofia mkononi, na mama mmoja akamshika mkono akamketisha, kwa maana msibani mtu haachwi amesimama.

Simu yangu ilikuwa inaita. Bosi alitaka kujua chuma kimevuka au hakijavuka, na kama nitarudi kushughulikia malori ya saruji. Nilisogea pembeni ya kaburi nikapokea. Nikamwambia sirudi leo wala kesho. Nimefiwa na kaka yangu.

"Pole sana, Danstan," alisema. "Amefariki lini?"

Nikamwambia, leo.